Mji Huu Hauna Ufunguo

Mkurugenzi mpya wa Idara ya Filamu aliitaka nyumba kabla hata kiti chake hakijapata joto. Alimwita Malkia ofisini, na Malkia akawekwa kwenye benchi la ukumbini asubuhi nzima, kati ya fundi bomba aliyekuja kudai malipo yake na mwanamume aliyefuata kibali cha kupiga picha za harusi bustanini. Katibu muhtasi, msichana mwenye kucha ndefu, alimpita mara kadhaa na kikombe chake cha chai. Mara ya mwisho alimwambia akunje miguu, watu wapate kupita.

Malkia si jina alilopewa na wazazi wake. Alilipata kwenye filamu, zamani, alipokuwa msichana mwenye mtoto wa kunyonya. Filamu yenyewe ilihusu mji uliozingirwa na wavamizi. Mfalme kauawa, nahodha wa wavamizi anaingia barazani na kudai ufunguo wa lango. Malkia anamtazama kuanzia viatu mpaka kofia, kisha anamwambia, "Mji huu hauna ufunguo. Ungekuwa nao, ningeumeza mbele yako."

Hakuna aliyekuwa hayajui maneno hayo. Watoto wa shule waliyakariri, wanasiasa waliyatia kwenye hotuba zao, na walevi waliofungiwa nje na wake zao waliyapigia kelele mlangoni, ingawa hao walikuwa upande wa nahodha. Baada ya filamu ile, mwanamke huyu hakuigiza tena kitu cha kukumbukwa. Aliwahi kuwa jirani mwenye wivu. Aliwahi kuwa maiti. Lakini kila sikukuu ya taifa filamu ilirushwa, na siku hiyo alipokwenda dukani watu walimpisha mbele ya foleni.

Mkurugenzi hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu wa mpangilio. Alimkaribisha, akamwagizia soda, akamweleza kwamba nyumba anayokaa ni mali ya idara, kwamba aliachiwa kwa mdomo tu na wakubwa wa zamani ambao sasa ni marehemu, na kwamba idara inatafuta mahali pa kuhifadhi taa na kamera. Malkia akahisi soda imekuwa chungu. Ndipo mkurugenzi akaongeza kwamba mlango mmoja ulikuwa bado wazi. Serikali imeanzisha nishani ya wasanii wa zamani, na mwenye nishani hukaa katika nyumba ya serikali mpaka mwisho wa maisha yake. Yeye angempendekeza kwa moyo mkunjufu. Sherehe ya kumbukumbu ya filamu ilikuwa inakaribia. Apande jukwaani, aitoe ile hotuba ya ufunguo mbele ya waziri, mambo yaishe.

"Filamu kila mtu ameshaiona," alisema. "Tunataka wakusikie mwenyewe."

Malkia akaitikia kwa kichwa. Mkurugenzi akacheka kwa kupendezwa, akasema kweli malkia ni malkia, hata kusema anasema kwa kichwa. Mlangoni, yule msichana wa kucha, ambaye sasa alikuwa ameambiwa aliyempita ni nani, alikuja mbio na simu mkononi, akamwomba atamke yale maneno mara moja tu arekodi. Malkia alijishika koo, akakohoa, akaonyesha kwa mkono kwamba ana mafua. Alikuwa na mafua hayo tangu ujana wake.

*

Mdogo wake alikuwa barazani kwenye cherehani, akishona sare za shule, pini zimepangwa midomoni. Mtaa mzima ulimwita Fundi. Ndiye aliyeilisha nyumba hiyo. Umaarufu wa dada yake ulileta heshima, na heshima haipikiki. Alimsikiliza dada yake mpaka mwisho bila kusimamisha mguu. Halafu akazitoa pini.

"Kwa hiyo wanataka sauti," alisema.

"Wanataka sauti."

Hapa msomaji aambiwe jambo ambalo mtaa haukulijua. Enzi zile picha zilipigwa kimya, na sauti ziliingizwa baadaye. Waigizaji waliitwa kwenye chumba kilichobandikwa magunia ukutani, wakaangalia midomo yao kwenye kitambaa cheupe na kusema sambamba nayo. Mwongozaji alipomsikia Malkia kwa mara ya kwanza chumbani humo, alijifunika uso. Alisema binti huyu ana uso wa malkia na sauti ya debe. Walirudia mpaka watu wakaanza kununa. Pembeni, mdogo wake alikuwa amekaa sakafuni na mtoto mchanga, akingoja dada apate nafasi ya kunyonyesha. Mtoto akaanza kulia. Mdogo mtu, ambaye kwa kuyasikia sana maneno yale alikuwa ameyashika, akamwinamia na kumbembeleza nayo polepole, Mji huu hauna ufunguo, mwanangu, mpaka mtoto akanyamaza. Chumba kizima nacho kikanyamaza. Mwongozaji akageuka na kuuliza yule ni nani.

Siku hiyo hiyo waliimaliza kazi. Mdogo mtu alipewa kitambaa cha gauni na lifti ya kurudi nyumbani. Jina lake halikuandikwa popote, kwa sababu, alisema mwongozaji, filamu moja haiwezi kuwa na malkia wawili.

Tangu hapo dada alipunguza kusema mbele za watu, na watu wakadhani ni maringo. Mdogo aliombwa asipaze sauti nje ya nyumba, naye akaitikia, maana dada ni dada. Akawa anasema na wateja kwa kunong'ona, pini midomoni. Mwalimu mmoja wa kwaya aliwahi kumchumbia, akamtaka aje aimbe kanisani. Dada alilia wiki nzima, kwaya ikaachwa, na mwalimu akaachwa pamoja nayo. Hilo nalo lilipita bila kuzungumzwa. Katika nyumba hiyo mambo mengi yalipita hivyo.

Malkia sasa alikuwa amekwisha mtafuta Mzee wa Mitambo, yule aliyerekodi sauti zamani na ambaye idara ilikuwa bado inamwita kwenye sherehe kwa kuwa hakuna mwingine aliyezielewa mashine zake. Alimwuliza kama haiwezekani kupiga sauti ya filamu yenyewe. Mzee akasema haiwezekani, ngoma zinalia chini ya kila neno, hata mtoto angegundua. Lakini nyuma ya jukwaa kuna pazia zito, na nyuma ya pazia panawekeka kipaza sauti cha pili. Kile cha mbele yeye mwenyewe atakizima. Tutafanya kama zamani, alisema mzee, na Malkia alirudi nyumbani na maneno hayo akiyabeba kama mayai.

"Tukikosa nyumba hii tutakwenda wapi?" alimwuliza mdogo wake. "Nani atampangisha fundi cherehani na kizee mwenzake?"

Fundi alifuta mafuta kwenye gurudumu la cherehani kwa kitambaa, polepole, mpaka likang'aa.

"Nitasema," alijibu. "Sitaki nishani, wala sitaki kumwambia mtu. Ila ukimaliza, uniite. Nitoke, nisimame hapo pembeni yako. Sema tu, huyu ni mdogo wangu. Basi."

"Hilo tu?"

"Hilo tu, dada."

Malkia alimkumbatia, akaapa. Na ni haki isemwe kwamba wakati anaapa alikuwa anamaanisha.

*

Fundi alijishonea gauni jipya kwa sherehe hiyo. Alitumia kile kitambaa cha zamani, alichopewa chumbani mwa magunia, ambacho kilikuwa kimelala sandukuni miaka yote hiyo bila mkasi kukigusa. Kilikuwa cha bluu, kimefifia kwenye mikunjo. Viatu aliazima kwa mwanawe, maana binti wa Malkia, ambaye ni muuguzi, alikuwa mtoto wa wote wawili na alimwita mama mdogo kwa namna ambayo neno mdogo halikusikika.

Kwenye mlango mkubwa wa ukumbi mlinzi alimpigia Malkia saluti. Kisha akanyoosha mkono mbele ya Fundi.

"Mama, wafanyakazi wanapita nyuma."

Muuguzi alikuwa ametangulia ndani kutafuta viti, hakusikia. Malkia alisikia. Angeweza kugeuka. Lakini wapiga picha walikuwa wamekwisha mwona, na yeye alizoea kwamba mbele za watu hasemi. Basi akaenda mbele, akijiambia kwamba ni afadhali hivyo, kwani pazia lenyewe liko huko huko nyuma. Mtu akitaka sababu haikosi.

Taa zilipozimwa na picha ya zamani ikamulikwa ukutani, Malkia alisimama chini ya uso wake wa ujana. Alikuwa amevaa taji la kadibodi lililotolewa stoo. Akafungua midomo, na sauti ikatoka.

Haikuwa sauti ile ya filamu. Ilikuwa imekwenda chini, imekwaruzwa kidogo, na ilikuwa na uzito ambao msichana wa zamani hangekuwa nao hata angefundishwa. Ilianza pole, kama mtu anayembembeleza mtoto. Nahodha aliambiwa kuhusu makaburi ya mji, kuhusu visima, kuhusu wanawake wanaoamka kabla ya jogoo. Malkia alizifuata pumzi zile kwa midomo yake bila kukosea hata moja. Alikuwa anazijua kuliko pumzi zake. Kabla ya sentensi ya mwisho sauti ilivuta hewa kwa meno, fyuu, kama wavutavyo watu waliozoea kushika pini midomoni. Safu ya tatu, muuguzi aliinua kichwa. Hakumtazama mama yake tena. Alilitazama pazia.

"Mji huu hauna ufunguo. Ungekuwa nao, ningeumeza mbele yako."

Waziri ndiye aliyesimama kwanza, kisha ukumbi wote. Wazee walijifuta machozi bila kuona haya. Nishani ikafungwa kifuani, na mkurugenzi akamkabidhi ufunguo wa nyumba ukining'inia kwenye utepe, akasema mbele ya watu kwamba huu tafadhali asiumeze, na ukumbi ukaangua kicheko. Halafu akamsogezea kipaza sauti. Neno moja tu la shukrani, Malkia.

Malkia akageuka akalitazama pazia. Chini yake aliviona viatu vya kuazima. Vilikuwa vimesogea mbele mpaka ncha zake zimetokeza kwenye mwanga, na juu yake pindo la gauni la bluu. Vilikuwa vinangoja.

Kumwita ni kusema, na kusema mbele ya hawa waliokuwa bado wanalia ni kuwasikilizisha debe. Wangejua. Waziri angejua. Nishani ilikuwa bado haijapata joto kifuani. Hivyo ndivyo alivyojieleza baadaye, kwa miaka. Lakini hakuhitaji sauti. Mkono ungetosha. Angenyoosha mkono tu kuelekea pazia, na yule mwingine angetoka. Mwenyewe alijua kwamba ungetosha, na mkono huo aliuinua, akauweka kifuani juu ya nishani, akainama kwa watu.

Makofi yakazidi. Mkurugenzi akasema kwenye kipaza sauti kwamba machozi yamemkaba Malkia wetu, tumwache apumzike. Alipotazama tena chini ya pazia, viatu havikuwapo.

*

Fundi alirudi kwa miguu. Kwenye tafrija ya baada ya sherehe alikosa hata maji, kwa sababu hakuwa na kadi ya mwaliko. Mzee wa Mitambo alimpa nusu ya mkate wake na kumwambia kwamba sauti yake haijazeeka, imekomaa. Alipofika nyumbani aliwakuta mama na binti sebuleni. Muuguzi alikuwa amesimama. Malkia alikuwa ameketi na nishani yake, ufunguo uko mezani.

"Nimemwuliza mama ni nani aliyekuwa anasema pale," muuguzi alimwambia. "Hajanijibu."

"Ni mimi," alisema Fundi.

"Na huko kwenye filamu?"

"Ni mimi."

Muuguzi akamgeukia mama yake. Hakupiga kelele, wagonjwa walikuwa wamemfundisha kutopiga kelele. Alisema kwamba amekua akijivunia sauti ya mama yake, amepigana shuleni kwa ajili yake, na kumbe sauti yenyewe ilikuwa inamfulia nguo. Alisema asante ya punda ni mateke, alikuwa anausikia msemo huo akidhani unahusu punda.

"Nilifanya kwa ajili yetu sote," Malkia alisema. Sauti yake, ile ya kweli, ilijaa sebule kwa ukali wake. "Paa hili ni la nani? Nani analala chini yake? Ningemwita, wangeuliza. Wangetunyang'anya."

Fundi alikuwa anavua viatu. Alivifuta vumbi, akavirudisha kwa mwenyewe, kisha akamtazama dada yake kwa muda mrefu, bila hasira, jambo ambalo Malkia hakulipenda.

"Sikutaka waulize, dada. Nilitaka kuitwa."

Hilo ndilo neno la mwisho alilomwambia.

*

Nyumba ilibaki kwao. Idara ilileta mafundi wakaziba paa, na kibao kikabandikwa ukutani nje, kimeandikwa kwamba hapa anaishi Malkia. Chini ya kibao hicho Fundi aliendelea kushona.

Hakuhama, maana angehamia wapi. Alipika kama zamani, akamtengea dada yake chakula chake, akamfulia, akamtia mafuta ya magoti alipougua magoti. Ila hakusema naye. Mwanzoni Malkia alidhani ni hasira ya siku mbili tatu, na hasira za mdogo wake alizijua, hupita kama mvua ya vuli. Akajaribu kumchokoza, akajaribu kumlilia, akamnunulia kitambaa kipya cha bluu. Kitambaa kilishonwa mapazia ya sebuleni. Muuguzi alipokuja kuwatembelea alisema na mmoja jikoni na mwingine chumbani, akaondoka mapema.

Na kilichomuumiza Malkia zaidi si kimya. Ni kwamba Fundi alikuwa ameacha kunong'ona. Kila asubuhi sauti ile ilisikika barazani, wazi, ikibishana na wateja kuhusu upana wa kiuno, ikimsalimu mpita njia ng'ambo ya barabara, ikicheka. Watu walisimama. Wengine walisema jamani, huyu fundi na dada yake damu moja kweli, hata sauti wamegawana. Malkia, chumbani, alizisikiliza siku zake zikipita nje ya dirisha.

Sikukuu ya taifa ilipokaribia, simu ililia. Alikuwa kijana kutoka redio, mwenye adabu sana. Aliomba sentensi moja tu ya kutangaza sikukuu. Malkia aitamke kwenye simu, wao wataisafisha huko huko. Mkurugenzi mwenyewe ndiye aliyewapa namba, na angefurahi.

Malkia alijaribu mafua. Kijana akasema hapana shida, Malkia, hata na mafua tutakusikia. Basi akatoka na simu mpaka barazani. Fundi alikuwa anampima mama mmoja mnene, futi imezunguka bega, pini midomoni. Malkia aliifunika simu kwa kiganja.

"Mdogo wangu," alinong'ona. "Mara hii tu. Ukitaka nitamwambia jina lako. Namwambia sasa hivi."

Fundi alizitoa pini mdomoni. Alizichomeka kwenye kimto cha pini, moja baada ya nyingine, mpaka midomo ikawa mitupu. Malkia akaondoa kiganja, akaisogeza simu. Fundi akamgeukia mteja wake.

"Mikono tuifikishe kwenye kiwiko," aliuliza, na baraza zima likajaa, "au tuishushe mpaka kifundoni?"

"Kiwiko, fundi," alisema yule mama. "Joto hili."

Malkia alirudi ndani. Akafunga mlango, akakaa kitandani, akaiweka simu sikioni. Kwa mara ya kwanza tangu chumba cha magunia, aliyatamka maneno yale kwa sauti yake mwenyewe, yote, bila kuruka hata moja, kwa jinsi alivyojua kwamba yanatakiwa yatamkwe, na kwa kweli aliyajua.

"Asante sana, bibi," alisema kijana kwa upole. "Umejitahidi. Sasa tunaomba utupe Malkia mwenyewe. Yupo hapo, nimemsikia sasa hivi akisema na mtu."

Nje cherehani ilianza kulia. Malkia aliisikiliza.

"Anashona," alisema.

Kijana akacheka, akasema basi watapiga tena akimaliza.